Nyumba ya Bibi Ina Wenyewe

Mama mpenzi,

Shikamoo. Goti linaendeleaje? Bado mwenye nyumba anakusumbua na maji? Mimi ni mzima wa mwili, ila moyo unachemka.

Kaka yako alituomba tuje likizo huku shamba, tupumzike, na tukipata nafasi turekebishe mawili matatu katika nyumba ya bibi, ili utoke kwenye hicho chumba cha kupanga. Kupumzika gani, Mama! Bati lilikuwa limetoboka kama chujio, popo wamejaa darini, na mlango wa jikoni, nilipousukuma tu, nikabaki na kitasa mkononi. Mkwe wako ameshinda juu ya paa mpaka mgongo ukababuka. Mimi nimekwangua kuta, nikaziba nyufa, nikapaka chokaa chumba kinachopata jua la asubuhi. Hatukunung'unika. Tulijua ni chako.

Jana mjomba akaja na bwana mmoja mwenye tai, tumbo limemtangulia. Wakazunguka nyumba, mjomba akilisifia bati utadhani kalipigilia yeye. Nilipowapelekea chai, mgeni akauliza sisi ni nani. Mjomba akajibu bila haya, "Hawa? Mafundi tu. Wakimaliza wanaondoka, unahamia."

Mume wangu alinikanyaga mguu ninyamaze. Nilishindwa, Mama. Niliweka sinia chini nikamwambia yule bwana kwamba nyumba hii bibi aliwaachia watoto wake wawili, na mmoja hajaulizwa. Bwana akamtazama mjomba. Mjomba akatazama viatu vyake. Mgeni akaaga hata chai hajaonja.

Hapo ndipo mjomba alipofoka. Eti nimemvunjia heshima, eti nisimwite mjomba tena. Atakupigia simu akulilie kwamba nimemwaibisha. Ni kweli, nimemwaibisha, na usiniombee radhi.

Nilidhani mkwe wako angenigombeza. Yule mpole wako, ambaye hata kuku hamfukuzi! Alirudi juu ya paa, akapigilia msumari wa mwisho, akashuka ngazi, akanawa mikono, akasema, "Mama anahamia wiki hii. Tuone nani atamtoa."

Ndiyo maana barua hii amekuletea yeye. Lori lililo nje amelikodi kwa ajili ya kitanda chako. Mpe chakula kwanza, kisha fungeni virago. Mimi nimebaki nalinda nyumba.

Wasalimie majirani, uwaage kabisa.

Ni mimi,
Kitindamimba wako mwenye mdomo