Maduhu Hakuhama

Nyarugusu, Geita
9 Juni 2024

Shangazi yangu mpendwa,

Shikamoo. Miguu inaendeleaje? Mimi mzima, ila vumbi la makarasha ya kusaga mawe linanikausha koo. Nimeamua kuandika kwa sababu kwenye simu ukianza kulia nami nalia, tunaishia hapo.

Kazi niliyopata kwa Dokta Rebeka ni kusikiliza mahojiano ya wachimbaji na kuyaandika neno kwa neno. Chuo kimoja cha ng'ambo kinataka kujua kwa nini watu wanahama kwao kufuata dhahabu, na kama kuhama huko kunawaletea maendeleo. Walirekodi mwaka jana, kabla sijaja. Majina hayatajwi, kila mtu ni Mhojiwa tu.

Jana nimemsikia Maduhu. Shangazi, ni yeye. Anavuta pumzi kabla ya kujibu, vile vile kama ulipokuwa ukimuuliza ng'ombe wamekunywa wapi. Nilivua hedifoni nikatoka nje, nikajikuta natazama upande wa lile duara, shimo la dhahabu lililomfukia. Wachimbaji wameliacha, wanachimba jingine pembeni yake.

Nimeona nisikufiche.

Mwanao,
Vumilia


Kijijini, Shinyanga
16 Juni 2024

Mwanangu Vumilia,

Mwangaluka. Miguu ni ile ile, namshukuru Mungu inanifikisha shambani.

Nataka nimsikie. Tangu Januari wazee wananiambia tuanue matanga, nami nakataa. Mwili sikuuona. Kanisani wanamwita marehemu, lakini pikipiki ikipunguza mwendo barabarani bado nainuka. Juzi nilimtengea maji ya kuoga bila kujua ninachofanya. Nilipoyaona niliogopa kuyamwaga.

Niletee hiyo sauti. Na uniambie walimuuliza nini mwanangu.

Shangazi yako,
Mama Maduhu


Nyarugusu
30 Juni 2024

Shangazi,

Shikamoo. Natumaini umeamka salama, na kifua cha mtoto wa Maduhu kimepoa.

Nilimwomba Dokta Rebeka. Amesema sauti haitoki ofisini: waliwaahidi wahojiwa siri, na chuo kina masharti. Hakusema kwa ubaya. Lakini maneno nimeyashika kichwani, acha nikuandikie.

"Kwa nini ulihama kwenu?"

"Mimi sijahama."

"Lakini sasa unaishi hapa."

"Nafanya kazi hapa. Kuhama ni kung'oa kaya. Mama yuko nyumbani, ng'ombe wako nyumbani. Nitahamaje?"

Dada aliyekuwa anamhoji akacheka, akarukia swali linalofuata. Kwenye jedwali wamemwandika: mhamiaji, sababu, umaskini.

Mwishoni Maduhu anasema, "Nami niulize, dada. Haya ninayosema yanakwenda wapi?" Hapo kinasa sauti kinazimwa. Kila siku nikiyaandika mahojiano ya wengine namsikia akiuliza hivyo, hata kwenye sauti zisizo zake.

Mwanao,
Vumilia


Kijijini
21 Julai 2024

Mwanangu,

Nilifika nyumbani salama. Nisamehe nilivyokuvamia huko bila taarifa. Barua yako ilinifanya nisikae. Umaskini! Maduhu alikwenda Maganzo kuchekecha almasi, akarudi kulima. Akaenda Kahama, akarudi kulima. Baba yake naye alikuwa hivyo, na babu yake aliswaga ng'ombe hadi Uzinza, huko huko Geita, na kurudi. Tulipopokonywa malisho hakuja mtu na kinasa sauti kutuuliza.

Wewe ulibaki nje, hukusikia yaliyosemwa. Dokta wako aliniamkia shikamoo, sikuitika. Nikamwambia, "Mwanangu aliwauliza swali mkamzima. Nijibuni mimi."

Akanisogezea kiti. Kisha akasema, "Mama, mimi mwenyewe ni wa huku, kwetu Sengerema. Yalikwenda chuoni. Yakawa taarifa ya kwanza. Mimi nikapanda cheo." Akaongeza, "Maswali sikuyatunga mimi. Yalikuja yametungwa, nami nikayatafsiri tu."

Nikamwambia, "Basi angalau wewe ulijua kwamba kuhama na kutoka si kitu kimoja."

Akainama. Ndipo akanivalisha ile hedifoni.

Vumilia, alikohoa. Mwanangu yu hai mle ndani, anakohoa. Nikaitika kwa nguvu, "Nipo, baba!" Akaendelea kuongea na yule dada. Nikamwita kwa jina. Hakunisikia.

Dokta alinipa sauti ile kwenye memori kadi, na akaniomba nisimtaje. Nilipotoka akaniamkia mara ya pili, nikamwitikia marahaba.

Mwanzoni nilipoitia kwenye simu, majirani walikuja kusikiliza. Sasa hawaji. Mjukuu wangu akimsikia anakwenda mlangoni kumpokea. Jana Maduhu aliposema mama yuko nyumbani, nilimjibu hadi sauti ikanikauka, naye akarudia yale yale. Mtu aliyekufa hafai kuulizwa swali moja milele. Nimeivunja ile kadi. Mwambie Dokta nao wafute.

Shangazi yako


Nyarugusu
25 Agosti 2024

Shangazi,

Shikamoo. Poleni na jua, huku nako kumekauka.

Dokta amefuta mbele yangu. Kisha akawaandikia wa ng'ambo. Wamejibu kwa heshima kwamba sauti zote zimehifadhiwa, watafiti wa nchi nyingine nao wanazitumia, na hawawezi kujua nakala ziko kwa nani. Dokta alinisomea, akafunga kompyuta, akakaa na mikono mapajani.

Amekataa kuweka jina lake kwenye taarifa ya mwisho. Anasema anataka kuanza upya, safari hii akiwauliza watu wenyewe ni maswali gani yanafaa kuulizwa. Sijui atapata wapi wa kumsikiliza. Mimi nimeacha kazi. Mwezi ujao narudi.

Nisamehe, Shangazi. Ni mimi niliyemwamsha.

Mwanao,
Vumilia


Kijijini
8 Septemba 2024

Mwanangu Vumilia,

Wabeja kwa barua. Huna kosa. Hata usingeniandikia, angekuwa anaongea huko huko, tena bila mtu wake kujua.

Nikiwa napura mtama hunijia kwamba mahali fulani mtu nisiyemjua amebonyeza, na Maduhu anavuta pumzi aanze kujibu. Huwa naacha kupura hadi nikadirie amemaliza. Wakwe zangu wanadhani ni mgongo.

Kama hawawezi kumwachia, wasimwite Mhojiwa. Siri hiyo waliiahidi kwa mtu aliye hai, nami mama yake naifungua. Dokta awaandikie: huyu ni Maduhu wa Limi, hakuhama, alikuwa arudi kwenye kilimo.

Nimewakubalia wazee. Jumamosi ijayo tunaanua matanga. Mwambie Dokta Rebeka aje naye. Asiulize mtu kitu. Kuna viazi vingi vya kumenya, na wanawake tuko wachache.

Shangazi yako,
Limi, Mama Maduhu