Dakika Nne za Mzee Umakant

Jumanne, 9 Septemba 2025

Jamani, Ijumaa inatoka! Albamu ninayoipenda ya heavy metal, ile ya 1986! Wanamuziki wenyewe waligombana, haikutolewa tena, hata mtandaoni hamna. Sasa imesafishwa upya kutoka kanda za studio — biti 24, sauti safi kuliko CD! Nimeruka mpaka rundo la ndoo hapa dukani kwangu likaanguka. Mteja akauliza kama nimeshinda bahati nasibu. Zaidi ya hapo, dada!

Wimbo wa mwisho una dakika tisa. Mimi najua tano tu. Mzee Umakant, aliyekuwa akirekodia watu muziki, alinirekodia mwaka 1991, dukani kwake mtaa wa Msimbazi, kwenye kanda ya dakika sitini. Gitaa linapanda, linapanda — mara kimya! Kanda imeisha. Nikalalamika. Mzee akajibu eti ndivyo wimbo unavyoisha, Wazungu wanapenda hivyo. Miaka thelathini na nne anashikilia hapo hapo!

Alhamisi, 11 Septemba

Mzee Umakant kapita kuaga. Jumamosi anahamia Nairobi kwa binti yake, Khushi. Moja kwa moja. Nikamwambia kesho lazima aje akiri kosa. Akacheka mpaka akakohoa — yeye hajawahi kumpunja mteja!

Nimeingia stoo nikalia kidogo. Halafu nikanunua bando kubwa.

Ijumaa, 12 Septemba

Asubuhi. Albamu ina GB mbili! Imeshuka asilimia arobaini tu. Filbert, mume wangu, anasema namalizia bando kwenye kelele za mashine ya kukoboa. Namwacha tu.

Saa nane mchana. Imeshuka yote! Mzee kaja, shati limepigwa pasi.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba, binti. Haya, niumbue."

Kwa earphone hasikii vizuri, masikio yamechoka. Basi nimeunganisha simu na spika ya nje, ile inayoita wateja wa ndoo kutwa nzima. Biti 24 kwenye spika ya ndoo! Wataalamu wangezimia.

Naandika hapa kaunta huku wimbo unapigwa. Mtaa umesimama. Mama wa chai anatikisa kichwa, chupa mkononi! Dakika ya nne. Ya tano. Gitaa linapanda — hapa ndipo —

Imepita! Haikukatika! Linapanda bado!

Mzee kavua miwani. Kakaa juu ya ndoo iliyofunikwa.

"Binti, mimi nilikuwa najua umekatika," anaanza. "Siku ile kanda za dakika tisini zilikuwa zimeniishia, nikaona nitumie..."

Nimemshika mkono. Nyamaza kwanza, Mzee. Zimebaki dakika tatu.