Koti Moja, Watu Wawili

Tusekile, rafiki yangu,

Koti liko kwangu. Mama yako alinipa siku ya kuanua matanga, walipogawa nguo zako, nami nikalipokea kwa mikono miwili kama mtu mwenye haki.

Bado linanuka vumbi la mbao, kama baba yako akitoka kiwandani. Tuliliazima kwake, likabaki kwako, kwa sababu ya zile filamu za zamani zisizo na sauti. Simu yako ilikuwa imekufa spika, basi ndizo zilizotufaa: wanaume wawili wenye njaa wanagombea kiazi kimoja, wanaanguka, halafu wanakigawana. Ukasema tutaigiza yetu kwenye mahafali. Marafiki wawili, koti moja. Mmoja akilivaa kwenda kutafuta kazi, mwenzake kilema anabaki ndani akisubiri zamu.

"Hakuna hata neno la kusema, Eliza. Unaogopa nini? Hata mbuzi angeweza."

Mbuzi angeweza. Mimi nilipoona ukumbi umejaa, nilijificha kwenye stoo ya viti nyuma ya jukwaa, uso mweupe kwa unga wa sembe tuliopakana. Nikachungulia. Peke yako ulitokea mlango huu na koti, ukaingilia ule bila koti, ukichechemea kama nilivyotakiwa kuchechemea mimi. Watu walicheka mpaka wakalia. Uliponikuta stoo ulinifuta unga kwa kanga, ukasema, "Zamu yako itafika, mwoga wewe."

Desemba nimonia ikakuchukua.

Tuse, siku ya mahafali mama yako alikaa nyuma kabisa, asitofautishe nyuso za unga. Akinikabidhi koti alisema, "Asante, mwanangu. Mlinichekesha ninyi wawili. Lakini yule wa kuchechemea ndiye aliyenivunja mbavu." Nikajibu, "Asante, mama." Nikaitikia! Yule ulikuwa wewe. Nimemnyang'anya mama yako nusu yako.

Matokeo yametoka. Umefaulu, jina lako lipo. Mimi nimepangiwa shule Mbeya, naondoka Jumatatu. Siwezi kuondoka na hili. Jumapili tukitoka kanisani nitakwenda kwenu nimwambie mama yako ukweli. Akiniruhusu, nitajipaka unga, nitoke mlango wa mbele na koti, niingie wa uani nikichechemea, aone ulivyofanya peke yako. Asipocheka, ni haki yake. Koti nitamwachia.

Pumzika, Tuse. Zamu yangu imefika.

Mwoga wako,
Eliza