Walicheka Vipara

Wekesa, mtoto wa dadangu,

Ni mjomba wako wa mtaa wa Lindi, yule aliyefukuza chui Kawangware na kiatu kimoja. Tangu ufie kule hospitali tukakuzika nyumbani, sijakuandikia. Lakini mambo ya Jumapili yamenishikisha kalamu. Nikiyakumbuka natema mate.

Unajua TV ya Oduor kwa hoteli yake ya chai hutumia betri yangu ya gari, ile inaweza kuvuta treni. Nilipoipeleka nikamchukua mamako, akae na watu kidogo. Kumbe filamu yenyewe ni ya hospitali ya wagonjwa wa akili, kama ile uliyofia. Ati ya kuchekesha. Wagonjwa wamenyolewa vipara, wamepanga laini ya uji. Mmoja anapigia sahani saluti, nesi anamfungia bafuni. Mwingine anakufa, wenzake wanagombania kikombe chake. Watu wakacheka hadi chai ikamwagika.

Na mamako bado ana kipara cha matanga yako, vile mila yetu inataka. Oduor akamwangalia, akaangalia TV. "Mama Wekesa, kumbe na wewe ulilazwa huko?" Wakacheka tena, watu waliokula kwa matanga yako.

Niliinuka, Wekesa. Wengine wanasema hata mabati yalitetemeka. Nikang'oa waya za betri na meno, nikaibeba begani kama mtoto. "Chekeni kwa giza."

Mamako akanishika shati. "Rudisha, ndugu yangu. Sijamaliza kuona."

"Unaona nini kwa uchafu huu?"

"Pale wanalala. Miaka yote Wekesa akiwa huko walinisimamisha kwa geti. Nataka kuona kitanda."

Nikarudisha waya. Hakuna aliyecheka tena. Vitanda vilipotokea akasogea hadi pua karibu iguse kioo. "Wako na blanketi," akasema. Halafu akanigeukia. "Wekesa pia walimpea?"

Mimi mjomba wako nikavua koti, nikamfunika mabega.

Sasa lala, kijana yangu. Oduor betri yangu ataisikia kwa wengine. Na mwezi huu haujaisha, mimi na mamako tutakuwa kwa ile geti, na safari hii tunaingia. Kitanda chako atakigusa na mkono wake. Tukikuta mgonjwa mwingine amekilalia, nitamsalimia vizuri, nimwombe asogee kidogo dada yangu akae.

Mjomba wako