Sauti Yako, Mama Ruhsar

Mwaka umezunguka, Mama, tangu utuache hapa Jeddah, na bado kila ukifika wakati wa kula tunatega masikio.

Watu walikujua kwa sura. Kwenu Uturuki, kwenye filamu, ulianza kama bibi harusi wa kijijini, ukawa mchopozi, hakimu, kipofu, tajiri asiye na huruma. Kwa filamu moja ulijifunza kuendesha lori! Basi Saudia ilipowaruhusu wanawake kuendesha, ukawa wa kwanza mtaani kwetu, ukipiga honi ovyo, na Baba kando yako anasoma dua.

Huyo Baba, Ibra wetu, mhandisi wa Kwale, ndiye uliyeacha kazi yako yote kwa ajili yake ukamfuata, bila kinyongo. Ukajifunza Kiswahili. Kila siku ulitoka jikoni na mwiko mkononi: "Yalla, wanangu! Njooni mle, mchuzi unapoa!" Baba alikutania kwamba kwao wangekufukuza kwa lafudhi ile.

"Na mchuzi, wataukataa?" ulimuuliza.

Ulipoondoka tuliitamani sauti hiyo, jamani. Kwenye simu ulikuwa mtu wa kututumia alama za mioyo tu. Tukasikia filamu yako ya zamani inaonyeshwa Riyadh, kwenye majumba haya mapya ya sinema. Tukaenda sote. Ukatokea, msichana mbichi, ukafungua kinywa, na ikatoka sauti ya mwanamke mwingine.

"Huyu siye Bibi," Miriam mjukuu wako alisema, na hakuna aliyemnyamazisha.

Baba ndiye aliyetueleza: enzi zenu mlipigwa picha tu, kisha wengine wakaingia studio kuwatilia sauti. Filamu zote zile, Mama, na hakuna hata moja uliyosema mwenyewe. Tulirudi Jeddah tukilia.

Ilibaki ile filamu ndogo ya mwisho, uliyoigiza Balad, mji wa kale wa hapa Jeddah, ukiwa bibi wa Kiswahili. Hatukutarajia sauti yako humo, maana Rahaf, binti aliyeiongoza, alikuwa amesema mtaa una kelele, atatafuta mtu wa kukutilia sauti. Juzi akatuletea.

"Mama yenu alinikatalia," akasema. "Aliniambia, 'Halas, binti yangu. Wamenisemea vya kutosha. Mara hii nasema mwenyewe.'"

Tukaiwasha sebuleni. Kelele za mtaa kweli zipo. Unatoka jikoni, mwiko mkononi, na maneno uliyoandikiwa umeyatupa huko.

"Yalla, wanangu! Njooni mle, mchuzi unapoa!"

Baba aliinuka kwenye kochi, akaenda kukaa mezani.

Tunaokukumbuka ni mumeo Ibra. Binti yako Mwatime na mumewe Bakari. Mjukuu wako Miriam. Na Jerusha, mliyepika na kugombana naye jikoni. Mungu akurehemu. Hatutakusahau kamwe, Mama. Tumekusikia, tunakuja.