Nyuzi Tatu Ndani ya Kola

4 Machi

Mwanangu,

Hujambo? Za karakana ya reli? Mimi mzima, ila mgongo ndio ule ule. Tangu wanajeshi wapindue serikali, kambi ya hapa inaniletea sare za kufua mabeseni manne kwa siku. Nakutumia shati lako la samawati, nimelipiga pasi. Ndani ya kola nimeshona alama yako, nyuzi tatu nyekundu, maana umewahi kurudi nyumbani na suruali ya mwenzako. Nasikia mnataka kugoma. Usijitie kimbelembele.

Mama yako

11 Machi

Mama, shikamoo.

Mgongo unaendeleaje? Shati limefika, msimamizi ananiuliza naenda kuposa wapi. Tumegoma kweli. Siku ya sita leo hakuna treni iliyotoka, na askari wamekwama stesheni. Juzi walipiga watu risasi langoni kwetu, na jirani yangu wa benchi amekufa. Naogopa, Mama, sikufichi. Lakini kesho tunaandamana. Nakuomba uache kuwafulia. Wavae uchafu wao.

Mwanao

15 Machi

Mwanangu,

Upo salama? Pole kwa mwenzako, nimemlilia kama wangu. Ila mimi ni dobi, na uchafu hauna chama. Miaka ishirini sijapoteza hata soksi ya mtu. Nikiwakataa, mimi na bibi yako tutakula nini? Nijibu upesi.

Mama yako

29 Machi

Mwanangu,

U hali gani? Wiki mbili sasa hujajibu barua yangu. Bibi yako anakusalimu, anadai umeoa kimya kimya.

Jana kikosi kilichopelekwa huko kilirudi. Koplo mmoja, mteja wangu, akaleta furushi lake, na katikati ya sare mlikuwa na shati la samawati. Nikageuza kola. Nyuzi tatu. Nikamwuliza kalipata wapi.

"Langu hilo, mama," akasema. "Doa la ubavuni litatoka?"

Nikamwambia litatoka. Nisamehe, ulimi wangu ulizoea.

Sikulifua. Nimelikunja ndani ya sanduku lako. Leo asubuhi nimerudisha sare zote kambini na uchafu wake, kama ulivyoniomba. Labda ulimwazima mtu. Labda ulilivua ukakimbia. Wewe ni msahaulifu; shati sahau, lakini niandikie hata mstari mmoja.

Koplo amesema Ijumaa anakuja kulidai. Nitamwambia limepotea. Ndiyo nguo ya kwanza kunipotea tangu nianze kufua.

Mama yako