Bibi Ilona Hakuwa na Pepo

Mirdif, Dubai

Mdogo wangu Zuhura,

U hali gani, na goti la mama limepoa? Mimi mzima wa mwili, ila uso sina pa kuuweka. Barua anakuletea Mwanaidi, jirani yangu anayekuja likizo. Kwa simu tungeanza kucheka tena, na kicheko ndicho kilichoniponza.

Ni ile video ya Bibi Ilona, mama yake sir, bwana wa nyumba, ninayemtunza hapa. Nilikwambia ana pepo, nawe ukaitia kwenye grupu la harusi. Zuhura, hana pepo. Sir ameniambia baadaye kwamba alikuwa mwigizaji wa filamu kwao Hungaria.

Alianza kwa kushona nguo za waigizaji, mpaka akawekwa mbele ya kamera. Filamu iliyompa jina ni ya mke aliyekwenda stesheni kumpokea mumewe kutoka vitani. Treni ikashusha watu wote, mume hayumo, naye akabaki kwenye moshi wa treni analia na kukunja leso yake. Watu walikuwa wakimsimamisha sokoni wakilia. Uso ulipoanza kukunjamana akapewa kuigiza mama, halafu bibi wa dirishani asiye na la kusema, halafu hakuitwa tena. Mwanawe akamleta huku, ambako hakuna amjuaye.

Basi kila alasiri, akishakunywa kahawa, hujipaka rangi ya mdomo, akasimama jikoni akilia kwa Kihungaria huku anakunja kitambaa changu cha vyombo. Mimi mtoto wa Mombasa ningejua nini? Nilikimbilia chetezo cha madam, nikatia ubani, nikamfukiza huku nasoma dua. Naye ndiyo kwanza akazidi! Kumbe alidhani namtengenezea moshi wa treni. Siku ya kwanza niliogopa kweli. Siku ya tatu, nakiri, nilifukiza ili nikurekodie wewe.

Video ikazunguka mpaka ikamfikia dereva wetu, Mganda. Akaniita jikoni, akanionyesha kwenye simu yake, "Yalla, sister, si huyu ni jajja wetu, bibi wa humu ndani?" Tukawa tunacheka, na bibi yuko nyuma yetu. Akajiona kwenye moshi, akanisikia mle ndani nikisema, "Pepo la kizungu hili!" na kuangua kicheko. Nilitamani ardhi inimeze.

Akaichukua simu, akaitazama mpaka mwisho.

"Wameiona watu wengi?" akaniuliza kwa Kiingereza.

"Wengi, bibi."

"Walilia wapi?"

Nikamdanganya. Nikasema pale kwenye kitambaa. Akaitikia kwa kichwa, akasema hata zamani walilia papo hapo. Tangu siku hiyo anakikunja polepole zaidi, na mimi siwezi kumtazama.

Msalimie shangazi Rukia wa mahamri na mjomba Athumani mwadhini. Waambie waifute, nao walicheka.

Wewe usiifute kwanza. Kaa na mama, zima sauti nisisikike, umwambie huyu ni mke aliyemkosa mumewe stesheni. Mwache atazame. Akilia, niandikie ni wapi, nikamwambie bibi neno moja la kweli.

Dadako mwenye haya,
Mwanamkasi